Ngano Juu ya Mgeni

Mlango ulipogongwa asubuhi ya Krismasi, nilikuwa nimesimama nyuma yake muda mrefu, kiganja kimejaa ngano. Niliufungua, nikasema, "Kristo amezaliwa," nikairusha ngano yote kabla sijatazama vizuri. Ilimwagikia kofia na mabega ya mwanamume nisiyemjua.

Alirudi nyuma kidogo, akajipangusa kope. Suruali yake ilikuwa imelowa theluji mpaka magotini.

"Samahani, dada," alisema. "Heri ya sikukuu. Gari langu limetumbukia mtaroni hapo chini. Nimeona moshi wenu, nikaufuata."

Baba alikuwa amesimama katikati ya chumba, amevaa shati jeupe ambalo Bibi alilipiga pasi jana yake. Alinitazama mimi, si mgeni.

"Senka," alisema kwa sauti ya chini, "umefanya nini?"

Nilijua nilichofanya. Kwetu, mtu wa kwanza kuvuka kizingiti siku ya Krismasi ndiye polaznik. Anamwagiwa ngano, anachochea gogo la mwaloni lililowekwa motoni tangu usiku, anaiombea nyumba heri, na mwaka mzima unakuwa kama mguu wake ulivyo. Mtu huyo haachiwi bahati, hupangwa mapema. Mwaka huu alipangwa Baba Mkubwa Krsto.

Baba na kaka yake walikuwa hawajasemezana tangu kura ya uhuru, nilipokuwa na miaka mitano. Baba alitaka Montenegro isimame peke yake. Baba Mkubwa alitaka tubaki na Serbia. Usiku wa matokeo Baba alitoka na bunduki, akapiga risasi hewani kwa furaha, chini kabisa ya dirisha la kaka yake. Tangu hapo watoto wa mama mmoja wakawa mataifa mawili. Mwezi uliopita, karani wa sensa alipopita kijijini, mmoja alijiandikisha Mmontenegro na mwingine Mserbia, na kila mmoja akaipa jina lake lugha ileile ambayo wangetukaniana kama wangekuwa wanasemezana.

Ilimchukua Bibi vuli nzima kumlainisha mwanawe mkubwa. Mwishowe Krsto alikubali kwa sharti moja: atakuja kama polaznik, kama marehemu babu alivyokuwa akimwita zamani. Akiwa mgeni wa pili, hatakanyaga hapa.

"Mtoe nje," Baba alininong'oneza. "Aingie baadaye, kwa mlango wa nyuma."

"Ngano imeshamwagika," alisema Bibi kutoka kwenye kiti chake karibu na moto. "Au unataka niiokote kwenye kofia yake punje kwa punje? Ingia, mwanangu, baridi inatumalizia kuni."

Mgeni aliingia. Alikuwa anaitwa Rifat, mwenyeji wa Petnjica, fundi wa mitambo inayopandisha watelezaji theluji kule Žabljak. Alikuwa akielekea hospitali ya Nikšić. Binti yake Amra angepasuliwa saa sita mchana.

"Nimemwambia hawatamlaza usingizi kabla hajanishika mkono," alisema. Alikuwa ameshikilia kikombe cha kahawa, hanywi. "Ana miaka saba. Neno ukimwambia, analishika."

Baba aliangalia dirishani. Theluji ilikuwa inaanguka taratibu bado, na siku ile hakuna basi ambalo lingepita.

"Nitakufikisha," alisema. "Nina gari la Lada, linapita popote. Pata joto kwanza, kisha tutaondoka."

Nadhani alidhani kutakuwa na wakati wa kila kitu.

Bibi alimpa Rifat kijiti cha kuchochea moto.

"Mimi ni Mwislamu, mama," alisema Rifat.

"Jina lako nimelisikia, mimi si kiziwi. Shika kijiti." Na kwa mkono mwingine aliisukuma sahani ya paja la nguruwe lililokaushwa hadi mwisho wa meza, akaleta jibini mahali pake.

Rifat alipiga magoti. Kumbe maneno aliyajua, kwao majirani walikuwa wakiyasema. Aligonga gogo, cheche zikaruka. "Cheche zilivyo nyingi, kondoo wawe wengi hivyo," alisema. "Na afya iwe nyingi hivyo. Na mapatano ndani ya nyumba hii—"

Upepo wa baridi ulinigonga mgongoni. Baba Mkubwa Krsto alikuwa amesimama mlangoni.

Alikuwa amevaa koti la babu la ngozi ya kondoo, lenye kumbana mabegani, na chupa ya konyagi ya zabibu chini ya kwapa. Alikuwa amenyoa. Pale kidevuni alikuwa amejikata.

"Kristo amezaliwa," alisema.

"Amezaliwa kweli," alijibu Bibi.

Baba Mkubwa alimtazama yule mtu aliyepiga magoti, na ngano iliyokuwa bado mabegani mwake. "Naona nimechelewa."

"Hukuchelewa," alisema Baba. Hayo yalikuwa maneno yake ya kwanza kwa kaka yake niliyowahi kuyasikia nikiwa na akili zangu. "Ni bahati mbaya tu. Gari lake—"

"Nimetoka nyumbani kukiwa giza. Nimepita kwenye theluji ya kiuno. Na wewe umeshapata mtu." Akamgeukia mgeni. "Unaitwa nani, jirani?"

"Rifat."

"Rifat. Hongera, Vuksan. Hiyo ndiyo nchi uliyoipigia risasi. Kila mtu ana nafasi ya kwanza, isipokuwa ndugu yako."

"Krsto, keti," alisema Bibi. "Ulizaliwa miguu mbele, ulinitesa vya kutosha siku ile. Leo nipumzishe."

Aliketi, lakini koti hakulivua. Mimi nilileta glasi.

"Na huyu bwana anasema lugha gani?" aliuliza Baba Mkubwa. "Siku hizi lazima uulize kwanza, usije ukamkosea mtu."

"Yetu," alisema Rifat.

Bibi alicheka. Baba alikohoa ili asicheke. Hata masharubu ya Baba Mkubwa yalisogea kidogo. Akafungua chupa yake, akamimina, akaipita glasi ya Rifat, akainyanyua yake.

"Ile bunduki unayo bado?"

"Niliiuza," alisema Baba.

"Kwa nani?"

"Kwa Mserbia."

Baba Mkubwa alicheka mpaka akafungua kifungo cha juu cha koti. Kisha akafungua cha pili. Nilimwona Bibi akivitazama vile vifungo kama mtu anayetazama maziwa yanayokaribia kuchemka. Mimi nimesoma siasa chuoni Podgorica, nimeandika kurasa nyingi kuhusu taifa ni nini. Asubuhi ile nilikuwa na imani kwamba taifa zima limo ndani ya koti lile, na limebakiza vifungo vitatu tu.

Baba alitazama saa, kisha dirisha. Mlima wa ng'ambo ulikuwa hauonekani tena.

"Krsto, namfikisha huyu Nikšić. Nitarudi."

"Leo? Ukishuka hupandi tena. Watafunga njia."

"Ndiyo maana inabidi niende sasa."

"Mkate wa Krismasi uko ovenini. Subiri utoke, tuumege, kisha nenda unakotaka."

"Bado saa nzima. Mtoto anapasuliwa saa sita."

"Anayepasua ni daktari, si baba yake."

Rifat alisimama. "Nitashuka kwa miguu hadi barabara kuu, kaka. Huenda nikapata lifti."

"Hakuna anayepita huko leo," alisema Baba. "Vaa koti. Nimekwambia nitakufikisha." Akamgeukia kaka yake. "Twende sote. Kaa mbele na mimi. Tutaongea njiani, tuna mengi."

"Nikae Krismasi yangu ndani ya kigari chako, mimi na..." Baba Mkubwa alimtazama Rifat, hakumalizia. Alianza kufunga vifungo, kimoja baada ya kingine. "Ukitoka kabla ya mkate, mimi hapa sirudi. Wala Pasaka, wala siku ya kukuzika."

Kisha akaongeza, kwa sauti nyingine kabisa: "Miaka yote hii nilikuwa nikingoja uje wewe. Hukuja. Leo nimekuja mimi. Siku moja tu, Vuksan."

Nilitambua kwamba hakuwa anatishia. Alikuwa anaomba.

Baba alisimama na ufunguo mkononi. Sijawahi kumwona akiwa mzee kama wakati ule.

"Na mimi nikikaa," alisema mwishowe, "huo mkate nitaumeza vipi?"

Alitoka. Nilichukua koleo la theluji, nikamfuata, kwa sababu peke yake asingeweza kuchimba njia.

Lada iliteleza mara kwa mara. Mara mbili Rifat na mimi tulishuka kuchimba, na alichimba kama mwendawazimu. Tulipofika juu kabisa ya mlima, simu yangu iliita. Alikuwa Bibi.

"Amesimama mlangoni na kofia kichwani," alisema. "Anasema mkigeuza sasa, atangoja."

Niliyarudia maneno hayo kwa sauti, kwa kuwa sikuwa na haki ya kuyaficha.

"Geuza, kaka," alisema Rifat kutoka nyuma. "Nishushe hapa. Litapita gari."

Mbele yetu hapakuwa na alama ya gurudumu hata moja.

Baba alibadilisha gia. "Mwambie Bibi amwambie Krsto nitakwenda kwake. Mwenyewe, kwa miguu yangu. Mwambie atanikuta mlangoni pake."

Nilisema. Upande wa pili nilisikia mlango ukifungwa.

"Ameshatoka," alisema Bibi. "Hakusikia." Kisha mtandao ukakatika, tukaanza kuteremka.

Baba hakuondoa macho barabarani. Alishika usukani kwa mikono yote miwili, na mdomo wake ulikuwa ukisogea bila sauti, lakini sikuweza kujua anasali au anamjibu kaka yake.

Tulifika Nikšić kabla saa sita haijatimia. Baba alisimamisha gari mbele kabisa ya mlango wa hospitali, mahali pasiporuhusiwa. Rifat alifungua mlango, kisha akasita.

"Kaka, yule ndugu yako. Nimekalia nafasi yake?"

"Ingia ndani," alisema Baba. "Mtoto anangoja."

Kupitia kioo tulimwona akitaja jina kwa muuguzi aliyekuwa mapokezi. Muuguzi alinyoosha mkono kuelekea mwisho wa ukumbi, na Rifat akakimbia. Baba alizima injini.