Binti Aliyesubiri Kukua

Siku mama alipoachiliwa, Fundi alikuwa nje ya geti la gereza, amekalia kasha la cherehani, anamenya chungwa. Fundi alikuwa mshonaji mstaafu. Kila Jumatano aliingia gerezani kwa kujitolea, akawafundisha wafungwa wanawake kushona, na mtu akishapita mikononi mwake hakumwacha atoke peke yake.

"Cherehani ni ya kuazima," alisema, akimpa nusu ya chungwa. "Ukiiharibu tutakosana."

Nyumbani walimkuta binti uani, anafua sare yake ya shule. Mama alikuwa amemwacha na miaka sita. Miaka minane ilikuwa imepita, na binti alikuwa bado ana miaka sita.

"Tumemsema mpaka tumechoka," bibi yake alieleza huku akipokea mizigo. "Nesi alimpima, akasema hana ugonjwa, anangoja tu. Shuleni kila mwaka wanamrudisha darasa la kwanza. Siku hizi mwalimu akiumwa, anafundisha yeye."

Mama alichuchumaa mbele ya beseni. "Kwa nini umefanya hivi, mwanangu?"

"Ningekua, ungenijuaje?"

Mama alimshika mkono, akamwingiza ndani. Alimwogesha, akamchana nywele, wakalala kitanda kimoja.

Asubuhi gauni la binti lilikuwa limepanda juu ya magoti. Mama alifumua pindo, akalishusha. Kesho yake hapakuwa na pindo la kufumua, Fundi akaleta vipande vya vitambaa, wakaunga. Kila siku ilikuwa inameza kama mwaka mzima. Meno ya mbele yalidondoka wakati wa chai, mengine yakawa yameota kabla ya chakula cha mchana. Mama alimfundisha kuendesha baiskeli ya jirani asubuhi, akikimbia nyuma ameshika kiti, na kufikia jioni binti alikuwa anaona haya kushikwa.

Katikati ya haya yote mama aliitwa kwenye usaili, kiwanda cha kushona sare. Alitaka asiende.

"Nenda," Fundi alisema. "Mimi nitakaa naye."

Meneja aligeuza ndani nje shati ambalo mama alilishona, akasifu mishono mpaka akamwita msaidizi wake naye aje aone. Kisha akauliza alijifunzia wapi. Mama akamwambia.

"Tutakupigia," meneja alisema. Namba ya simu hakuiuliza.

Aliporudi, mwaka wa kumi na moja wa binti ulikuwa umekwisha.

"Nisimulie," mama alimwambia Fundi, akavua viatu.

Fundi alisimulia bila kuruka kitu: chakula alichokataa binti, shoga aliyegombana naye dirishani na jinsi walivyopatana, wimbo alioimba akikosea maneno yale yale, na kile kilio cha ghafla ambacho hata mwenyewe hakujua kimetoka wapi. Mama alisikiliza mpaka mwisho. Kisha akaomba asimuliwe tena hapo pa wimbo.

Siku ya miaka kumi na mitatu ilikuwa na kazi. Binti alibamiza mlango, akasema humu ndani hakuna anayemwelewa, akagoma kula. Jioni akatoka, akaomba radhi, akala vya watu wawili.

"Una bahati," bibi alimwambia mama. "Wewe hayo ulinifanyia miaka mitatu mfululizo."

Binti alipofika mabegani mwa mama yake akatulia, akaanza kukua taratibu kama watu wengine. Mwalimu mkuu alifurahi sana kumwona. Akampandisha darasa la pili, kwa kuwa ndivyo utaratibu unavyosema, na magoti yake hayakuingia chini ya dawati. Kiwandani waliajiri watu wengine. Mama aliweka cherehani barazani, akawa anawashonea majirani, wale waliokuwa wakimsalimu.

Jumatano moja akaingia tena gerezani, safari hii na Fundi, kufundisha. Askari walimpekua yeye zaidi kuliko walivyompekua Fundi. Darasani, mwanamke mmoja aliyekuwa akihangaika na kola alimsemesha bila kuinua macho.

"Dada, wangu nilimwacha hajaanza kutembea. Utanipitia kumwangalia?"

"Jumamosi nitapita."

"Ukimkuta bado anatambaa, mwambie ainuke. Asiningoje. Miaka yangu bado mingi."

"Nitamwambia," mama alisema, akimnyooshea kitambaa chini ya sindano. "Lakini hawasikii, hawa."