Sauti ya Iride

Katika filamu tisa, mwigizaji Fedora Brancati alichezesha midomo tu. Sauti iliyopendwa na Italia nzima ilikuwa ya Iride, aliyeiingiza baadaye studioni. Ndivyo filamu zilivyotengenezwa Roma.

Asubuhi moja Fedora alimpelekea Iride kahawa studioni, akamkuta mbele ya kipaza sauti, hataki kumtazama.

"Leo tunaanza ile filamu yangu mpya?" Fedora aliuliza.

"Yako haijaja, shoga. Wamenipa ya binti mmoja wa Napoli. Ana miaka kumi na tisa."

"Utamsemea kwa sauti nyingine, sivyo?"

"Bosi anataka ileile, watu wameshaizoea. Usininunie, mimi nauza koo tu."

Taa zikazimwa. Kwenye skrini yule binti akatabasamu, akafungua mdomo, na Fedora akajisikia mwenyewe akiongea.