Mjane wa Tamthilia

Mwantum Yahaya hakuwahi kuwa jina la kwanza kwenye filamu yoyote. Alianzia Kondoa, katika kikundi cha maigizo kilichozunguka vijijini kuhimiza wazazi wachanje watoto. Alipohamia Dodoma mjini alipanga chumba Makole, akaanza kuitwa kwenye filamu ndogondogo: jirani mmbea, muuguzi wa zamu, shangazi anayeleta habari mbaya kisha haonekani tena. Hakulalamika. Alijua hata mhusika mkuu anahitaji mtu wa kumfungulia mlango.

Ndipo ikaja tamthilia ya kila Alhamisi jioni, akapewa nafasi ya mke wa Mzee Sengo, mwenye duka la vifaa vya ujenzi. Sengo aliigizwa na Noeli, mwalimu mstaafu wa shule ya msingi, mkazi wa Mkonze. Kwa miaka mingi waligombana na kupatana mbele ya kamera, wakaoza binti, wakazika mkwe. Kamera zikizimwa, Noeli alipanda pikipiki yake akarudi kwa mkewe, Editha, na Mwantum akarudi Makole. Hapakuwa na jambo lolote kati yao. Wengi walikuja kuuliza baadaye, kwa hiyo ni vyema lisemwe mapema.

Noeli alifariki ghafla, kwa presha. Mwongozaji wao, Abeli, alimpigia Mwantum simu asubuhi akamwambia mzee hatunaye tena. Mwantum akauliza swali lililomshangaza hata yeye: wameamua lini hilo, mbona hajaletewa mswada?

Abeli akasema polepole, "Si Sengo, dada. Ni Noeli."

Alipofika msibani Mkonze alikusudia kukaa na wasanii wenzake chini ya turubai. Lakini akina mama waliokuwa wakipika walimwona, wakaacha miiko, wakamshika huku na huku na kumwingiza ndani, hadi kwenye godoro la wafiwa. Shangazi wa Noeli, bibi wa Kigogo aliyefika kutoka kijijini asubuhi ileile, alimkumbatia.

"Pole, mkamwana wangu," alisema. "Umebaki na nani sasa?"

Mwantum alimwamkia shikamoo, akafungua kinywa ili amweleze, lakini machozi yakamtangulia. Alilia sana. Katikati ya kulia akajisikiliza, kama alivyozoea kazini, akagundua kwamba kilio hiki ni kilekile alichokitoa walipomzika mkwe kwenye tamthilia. Kilianzia chini, kikakatika, kikarudi kwa juu. Hakujua kama siku ile ndiyo alilia kweli, au leo ndiyo anaigiza. Mlangoni wasichana wawili walikuwa wameinua simu, wanarekodi.

Editha alikuwa palepale godoroni, kanga imemfunika nusu ya uso, anamtazama. Mwantum alipotaka kuinuka, Editha alimshika gauni.

"Kaa," alisema kwa sauti ya chini. "Ukitoka sasa ndiyo watasema."

Akakaa. Watu waliingia kutoa pole, na wengi walimpa mkono Mwantum kwanza. Wengine walijishtukia, wakarudi kuanza upya kwa Editha, na hapo ikawa vibaya zaidi. Mwantum alipokea pole ambazo hakujua aziweke wapi. Alipojaribu kusema yeye si mke, bibi mmoja alimpigapiga begani na kumwambia uchungu ndivyo ulivyo, humfanya mtu akatae hata lake.

Baada ya mazishi, wageni walipopungua, Editha alimwita uani. Walikaa kwenye vigoda karibu na kichanja cha vyombo, upepo ukiwapulizia vumbi.

"Kwenye tamthilia anapobisha hodi," Editha alisema, "anakuita 'mwenye nyumba'. Neno hilo waliliandika waandishi wenu, au alilitoa hapa kwangu?"

Mwantum alifikiri kwa muda mrefu. Alikumbuka mlango wa mbao, taa, Noeli akiinama kuvua viatu. Alikumbuka neno. Kama lilikuwa kwenye mswada au Noeli alilichomeka tu, hakukumbuka. Akasema hivyo.

"Na mimi sikumbuki alianza lini kuniita hivyo," Editha alisema. "Nilidhani wewe utajua."

Haukupita mwezi, Abeli akaleta mswada mpya. Sengo anakufa, na sehemu nzima ya msiba ingekuwa ya mjane wake. Tangu aanze kazi, Mwantum hakuwahi kupewa sehemu nzima. Aliusoma, akafurahi, akaona aibu kufurahi, kisha akampigia Editha ili asikie habari hizo kutoka kwake.

Editha alimsikiliza hadi mwisho. "Nimemzika mara moja," alisema. "Sitaki kumzika tena Alhamisi jioni, kila mtu anaangalia. Mwacheni hata awe amesafiri."

Mwantum hakuweza kueleza, wala siku hizi hawezi, kwa nini alikwenda kwa Abeli kumwombea uhai mtu aliyekwisha kufa. Abeli alimwambia wazi kwamba anajipunguzia nafasi mwenyewe, maana mke wa msafiri hana kisa. Mwantum akasema anajua. Basi Sengo akasafiri kwenda Babati kufungua duka la pili, na mkewe akawa anaongea naye kwa simu.

Nafasi yake ilipungua kweli. Sasa huonekana mara moja kwa kila sehemu, sebuleni, simu sikioni. Simu yenyewe huwa imezimwa, na Abeli alimwelekeza aache nafasi za kutosha kati ya maneno yake, ili mtazamaji aamini kuna mtu anajibu. Katika nafasi hizo, bila kutaka, Mwantum husikia jibu.

Sehemu ya kwanza ya namna hiyo iliporushwa, Editha alipiga simu ikiwa bado haijaisha. Hakusalimia.

"Alikuwa anasema nini, pale ulipocheka?"

Mwantum angeweza kumwambia hapakuwa na mtu. "Alikuwa anauliza kama huku mvua imenyesha," alijibu.

"Mwambie bado," Editha alisema.

Mwantum akamwambia sawa, atamwambia.