Sinema ya Chemchemi

Maji yalibubujika ukutani, na hakuna aliyelowa. Watu walicheka, wakanyoosheana vidole: yule ni shangazi, yule ni ndama wetu! Tulikuwa tumeziba madirisha ya kanisa la Gendabi kwa mablanketi mchana kweupe, na mbele tumetundika kitambaa cha marekani cha kuonyeshea sinema, alichotuazima Mzee Abdulrahmani, mwenye duka Katesh. Nje jenereta ilinguruma.

Ilikuwa kiangazi cha mwaka 1953. Nilikuwa mwalimu kijana, mzaliwa wa hapo hapo. Padre Tadei alikuwa amerudi kutoka seminari alikofundisha teolojia, akiwa na kamera ya sinema.

"Juliana," aliniambia, "nimemweleza Mungu kwa maneno miaka mingi. Sasa nataka tumtafute kwa macho."

Alizunguka na kamera yake, akipiga picha za watu na mifugo, wala hatukujua anatafuta nini.

Kwenye benchi la mbele alikaa mlowezi mwenye shamba la ngano. Mabati ya kanisa lile alitoa yeye, na shule yangu ilisimama kwa msaada wake. Chemchemi yetu ilikuwa ndani ya seng'enge yake.

Picha ikabadilika. Mlowezi akaonekana akimnywesha farasi wake, akimpapasa shingo taratibu. Nyuma yake, ng'ambo ya seng'enge, alisimama mke wa mfugaji mwenzetu Gidabuday, mtoto mgongoni, kibuyu kitupu mkononi. Farasi akanywa mpaka akatosheka. Mwanamke hakusogea.

Kicheko kilikatika. Nimezeeka sasa, lakini picha ile bado naiona.

Padre alizima mashine, akafungua dirisha. Hakuhubiri. Aliuliza tu kama kuna mwenye neno.

Gidabuday akainuka, shuka begani, akasema kwa Kibarabaig bila kupandisha sauti. Mlowezi, aliyejua Kiswahili lakini si lugha yetu, akanigeukia.

"Anasema nini?"

Ningeweza kusema mzee anashukuru. Nilimtazama Padre; hakunisaidia.

"Anasema hana ugomvi nawe, bwana. Anauliza, siku ile mke wake ulimwona?"

Mlowezi alitazama kile kitambaa, sasa kitupu. Masikio yakamwiva.

"Hapana," alisema hatimaye. "Sikumwona."

Akachukua kofia yake, akatoka.

Padre Tadei alihamishwa kabla ya mvua. Hakulalamika; alifunga kamera yake ndani ya blanketi, akatubariki. Seng'enge haikuondolewa. Lakini asubuhi moja tulikuta pamekatwa kilango chembamba, cha kupita mtu, si ng'ombe.

Wanawake waliingia mmoja mmoja. Gidabuday alimsindikiza mkewe, akiswaga ng'ombe wake, akasimama nje ya seng'enge akimwangalia anavyoinama kuteka. Nilimwamkia, nikamwuliza mbona yeye haingii kunywa.

Aliweka mkono juu ya mgongo wa fahali wake.

"Hawa bado wanangoja, binti yangu," alisema, akabaki nao vumbini.