Kikombe Kwenye Kulabu ya Tatu

Jumapili ile, misa ilipokwisha, wanawake walirudi nyumbani kutazama nyama ya nguruwe jikoni, na wanaume wakaenda baa ya Metoděj kama baba zao walivyokuwa wakifanya. Vincenc Pokluda naye alikwenda. Tofauti ni kwamba leo alikuwa amealikwa, na ndani ya mfuko wa koti alibeba kikombe.

Katika baa ile glasi ni ya mpita njia. Mwenyeji ana kikombe chake cha udongo, na kikombe hicho hutundikwa kwenye kulabu ukutani, juu ya meza ya kona. Asiye na kulabu haketi meza ile, hata kama baa nzima ni tupu. Kikombe cha Vincenc kilikuwa cha marehemu babake: cha buluu, na mfuniko wa bati, mpini umemeguka kidogo. Kulabu yake ilikuwa ya tatu kutoka dirishani.

Halafu, yapata miaka ishirini kabla ya Jumapili ile, vifaru vya Warusi vikaingia nchini, na vilipokwisha kuzoeleka, kamati ya chama tawala cha kikomunisti ikaanza kuita watu wa shamba la ushirika mmoja mmoja na kuwauliza swali lile lile: je, unakubali kwamba majeshi yale yalikuja kutusaidia? Jibu lilijulikana. Ulisema ndiyo, ukatia sahihi, ukarudi kazini. Vincenc, wakati huo mkuu wa karakana ya matrekta, alisema, "Anayekuja kunisaidia hubisha hodi kwanza."

Mwenyekiti wa kamati alikuwa Otakar Brázda, mwenzake wa karata tangu ujana. Otakar hakucheka. Muda si mrefu Vincenc alikuwa anazoa mavi ya nguruwe, na alipofika kwenye meza ya kona, wanaume walipanua viwiko mpaka nafasi ikakosekana. Alisimama pale kama mjinga. Kisha akanyoosha mkono juu ya vichwa vyao, akatoa kikombe chake kwenye kulabu, akaondoka nacho. Hakuna aliyeinua macho. Walikuwa wanasoma karata zao kama Biblia.

Tangu hapo alikunywa kwenye glasi, amesimama kaunta, miaka ikapita mingi. Kikombe kikawa cha kuwekea brashi ya kunyolea. Mkewe alipofariki, nyumba ikawa kimya hata saa ya ukutani ilimkera. Ungemuuliza anataka nini angesema hataki kitu, na angekuwa anadanganya. Alitaka kiti chake. Alitaka kushika karata tena na kumtukana Lubor Kvapil kwa kucheza ovyo.

Sasa ni Desemba, na serikali ya chama kile imeanguka. Mijini watu walijaa viwanjani wakitikisa funguo zao hewani kuwaambia wakubwa waende zao. Pale kijijini walitikisa pia, ila walisubiri kwanza mpaka ikawa hakika kwamba hakuna atakayekamatwa. Otakar, aliyemwita kila mtu "ndugu" tangu ujana wake, sasa alisema "bwana" kama aliyezaliwa nalo mdomoni. Kifuani alibandika utepe wa rangi za taifa mkubwa kiasi cha kumfaa fahali aliyeshinda maonyesho.

Na ndiye aliyemwalika Vincenc. "Njoo Jumapili, bwana Pokluda. Njoo ukae na wenzako."

Kwa hiyo asubuhi ile Vincenc alikisugua kikombe mpaka harufu ya sabuni ikaisha. Hakutaka mtu apige magoti. Alijiambia: mmoja tu aseme, Vincenc, tuliogopa. Akisema hivyo, nakaa.

Alipoingia, meza nzima ilisimama. Hata Lubor alisimama, na Lubor ana gauti miguuni.

"Huyo! Huyo!" Otakar akapaza sauti. "Mpisheni bwana Pokluda!"

"Mzee wa kazi," alisema Lubor. "Umenenepa, au ni koti?"

"Ni koti," alisema Vincenc, mkono ukiwa mfukoni juu ya kikombe. Kidogo atabasamu.

"Tazama ukutani," Otakar akasema.

Alitazama. Kwenye kulabu ya tatu kilining'inia kikombe. Cha buluu. Cha mfuniko wa bati. Mpini umemeguka, ila mmeguko wenyewe ulikuwa mweupe kama jino la mtoto, umepigwa nyundo jana au juzi.

"Kikombe chako," Otakar alisema, na macho yakamlowa kweli. "Tulikutunzia. Miaka yote hii, hakikuondoka pale."

"Hakikuondoka," alisema Vincenc.

"Hata siku moja! Muulize Lubor."

"Mimi nilikuwa nakifuta vumbi kila Pasaka," Lubor akasema. "Mke wangu anajua. Nilikuwa namwambia, naenda kumfutia Vincenc kikombe."

"Kila Pasaka?"

"Na Krismasi."

Vincenc angeweza kuwanyamazisha hapo hapo. Lakini kila alipowatazama waliongeza, kama watu wanaoteremka mlima wakashindwa kusimama.

"Kuna mara alikuja katibu wa chama kutoka wilayani," Otakar akasema. "Akauliza, hiki cha nani? Akataka kitolewe. Nikasimama mbele yake, hivi! Nikamwambia, ndugu katibu, yaani, bwana, kikombe hiki kikitoka, mimi nami natoka."

"Ulimwambia hivyo?"

"Kwa mdomo huu."

"Mimi nilikuwepo," alisema Lubor. "Nilitetemeka, lakini nilikuwepo."

Otakar akavuta kiti, kile kile cha zamani. "Kaa, rafiki yangu. Kuna kamati mpya ya kijiji inaundwa, inahitaji mwenyekiti msafi. Tumekubaliana ni wewe. Wewe utasimama mbele ya watu, useme tu sisi tulikuwa upande wako siku zote. Ndivyo ilivyokuwa, sivyo?"

Kumbe. Vincenc alikitazama kiti. Kilikuwa karibu hata angeweza kukigusa kwa goti. Angekaa tu, bia ingekuja, karata zingegawiwa, na nyumba ile yenye saa ingesubiri mpaka jioni. Alichotakiwa kufanya ni kusema ndiyo.

Akatoa kikombe mfukoni, akakiweka katikati ya meza. Cha buluu. Mmeguko wa mpini ulikuwa umelainika na kuwa wa kahawia kwa kushikwashikwa.

Lubor akaketi polepole, kwa sababu ya gauti au ya kitu kingine. Otakar alikitazama cha mezani, kisha cha ukutani.

"Basi ulikuwa na viwili," alisema.

"Viwili!" Lubor akadakia. "Mimi nakumbuka kabisa, vilikuwa viwili."

Vincenc alicheka mpaka akashika ukingo wa meza. "Hicho cha ukutani kipeleke nyumbani kwako, Otakar. Kinafaa kuwekea brashi ya kunyolea. Mimi nimejaribu, najua."

Akachukua chake, akaenda kaunta, mahali pake pa kusimama. Metoděj alikuwa anafuta glasi ambayo ilikwisha kukauka zamani. Alikuwa mzee sasa, shingo imekuwa nyembamba ndani ya kola.

"Nijazie," alisema Vincenc.

Metoděj akajaza, akasubiri povu litulie, akajazia tena. Hakukisukuma mbele. "Siku ile nilikuona ukikichukua," alisema kwa sauti ya chini. "Niligeuka, nikajifanya naosha vyombo."

"Kwa nini?"

"Niliogopa, Vincenc. Wangeninyang'anya baa. Nilishukuru hukunisemesha."

Vincenc akakivuta kikombe kwake. "Haikuwa kazi ngumu kusema, au?"

"Ilikuwa," Metoděj akajibu.

Alikunywa kikombe chote amesimama. Bia ilikuwa na ladha ya sabuni kwa mbali. Alipomaliza alimrudishia Metoděj. "Kitundike huku kwako, karibu na bomba la bia. Na kesho ulete karata. Wawili wanatosha."

Metoděj akaingia stoo kutafuta nyundo na msumari.

Kwenye meza ya kona walikuwa wameshaanza kunong'ona. "Vipi yule mshonaji aliyefungwa?" Otakar alikuwa anauliza. "Bado yu hai? Kikombe chake kilikuwa cha rangi gani?"