Mlinzi Hazimwi Hapa

Fundi aliingia, akavuta kiti changu bila kuniuliza, akachomeka flashi yake kwenye kompyuta ya duka letu la kuchapa barua.

"Zima antivirasi kwanza," akaniambia. "Ina kelele. Itaiona dawa yangu ni adui."

Dawa yenyewe ni programu ya kuidanganya kompyuta iamini leseni imelipiwa. Programu yetu ya kuandikia ilikuwa imegoma tangu asubuhi: barua unaisoma, kuiandika haitaki. Kwenye benchi mkunga alikuwa akisubiri nimchapie ombi lake la uhamisho. Mwisho wa kutuma ni leo.

Sikumzima mlinzi huyo wa kompyuta.

"Bosi, mwambie huyu binti!" fundi akaita.

Mwenye duka ni mume wa dada yangu. Akaja na kikombe chake cha chai. "Mwache mwenzio afanye kazi. Ndiyo fani yake."

"Hata mara ile ilikuwa fani yake, shemeji. Alizima, akaweka, akaenda zake. Wiki hiyohiyo mama huyu mkunga akafungiwa nje ya barua pepe yake. Kisha mwalimu. Kisha mama wa cherehani. Wote nywila zao zimo humu."

Wateja wetu husahau nywila, basi tumezoea kuwatunzia kwenye faili moja. Mimi ndiye ninayezichapa. Watu mia mbili na ushee.

"Bahati mbaya tu hiyo," fundi akacheka. "Leo darasa la saba linanifundisha kompyuta!"

"Darasa la saba linauliza tu, kaka. Mgeni gani anataka mbwa afungwe kabla hajapiga hodi?"

Mkunga aliangua kicheko, halafu kikakatika. "Kumbe hata yangu imo, mwanangu?"

"Imo, mama. Nilikosea kuiweka. Leo naifuta, yako na ya kila mtu."

Shemeji akaweka kikombe chini. "Chagua. Uizime, au utoke dukani kwangu."

Nikachomoa flashi, nikaitia kiganjani mwa fundi. Kisha nikafungua programu nyingine ya kuandikia, ya bure na ya halali, niliyokuwa nikiijaribu siku zisizo na wateja.

"Husikii? Nimekufukuza!"

"Nimesikia, shemeji. Dada nitamweleza mwenyewe. Ngoja nimalize barua ya mama."

Mkunga akahama benchi, akaja kusimama kati yangu na wao, mgongo kwao.

"Andika, mwanangu," akasema. "Nasimama hapahapa."