Maji Yaliyokataa Kutulia

Haya aliniambia Mutanu mwenyewe, Agosti iliyopita, tukipura mbaazi nyumbani kwangu. Kila akifika mahali pa mbuzi alikuwa anaweka fimbo chini ili acheke kwanza, kwa hivyo mbaazi zilichelewa. Mimi sikuwa na haraka.

Babake ni Ndululu wa Kikima, yule aliyekuwa dalali wa ng'ombe sokoni mpaka magoti yakamshinda. Alikuwa na sheria moja: "Sinunui ng'ombe anayetembea." Ukimletea ng'ombe, alingoja asimame, miguu yote minne itulie, hata mkia utulie, ndipo aseme bei. Sokoni sheria hiyo ilimfaa. Shida ni kwamba aliibeba mpaka nyumbani. Uji ukitokota hasemi umeiva mpaka unyamaze. Mchumba wa kwanza wa Mutanu alirudishwa kwa sababu aliacha pikipiki ikinguruma nje ya geti. Wa pili alishikwa na kwikwi akijitambulisha.

Sasa Mutanu alikuwa na miaka thelathini na nne, na wa tatu alikuwa Mwangangi, mwalimu wa kemia huko Migwani. Huyu alimpenda kweli, si kule kupenda kwa kuchoka kungoja.

Ndululu akatuma neno: "Aje na mbuzi za ntheo, na aje na kazi yake niione. Nasikia anafundisha moshi."

Ntheo ni zile mbuzi tatu za kwanza. Zikiingia bomani na baba ya msichana akasema ndiyo, msichana amehesabiwa mke wa watu. Mengine yote ni ya baadaye.

Walikuja Jumamosi kwa pikapu ya Jamal: Mwangangi, mbuzi tatu, na Mulinge, mjomba wa Mwangangi, ambaye ndiye angesema kwa niaba yao. Kabla hata ya salamu kuisha Jamal akatangaza, "Gari langu halina taa. Jua likianza kushuka naondoka, na mbuzi nitakayemkuta nje ya geti nampakia."

"Na sisi tukipakiwa haturudi," Mulinge akaongeza. "Mgongo wangu hauwezi hii barabara mara ya pili."

Mutanu aliyasikia hayo akiwa dirishani jikoni, na mwiko ukamponyoka.

Mwangangi alivaa glavu za mpira. Ndululu alizitazama akakataa kumpa mkono. Basi kijana akamimina chupa zake ndogo kwenye jagi la glasi, akawa anakoroga. "Wazazi wangu, mtu asiguse. Inachoma. Hii ndiyo kazi yangu."

Maji yalikuwa mekundu kama udongo wa Mbooni. Ghafla yakawa buluu, buluu ya sare ya shule, bila mtu kuongeza kitu.

Ndululu akainama, akangoja. Maji yakakaa.

"Imetulia," akasema. "Nimekubali."

Kaveke, dada yake Ndululu, msukaji wa vyondo, vile vikapu vyetu vya mkonge, akapiga vigelegele mpaka kuku wakakimbia. Mbuzi zikaingizwa. Mulinge hajamaliza kushukuru, maji yakawa mekundu tena.

"Imetembea," akasema Ndululu. "Toeni mbuzi."

"Mzee! Si umeshakubali?"

"Nilikubali ikiwa imesimama. Sasa imetembea."

"Baba, itarudi," Mwangangi akasema.

"Ikirudi, na mbuzi zirudi."

Ikarudi, mbuzi zikarudi. Ikawa nyekundu, zikatoka. Mulinge alizivuta kwa kamba mpaka akaacha, kwa sababu zilikuwa zimejua njia na ratiba. Beberu ndiye aliyejua zaidi. Alikuwa anaanza safari ya getini kabla rangi haijabadilika, na hakukosea. Vigelegele vya Kaveke navyo vikafupika, mpaka ikawa kama mtu anasafisha koo.

"Kijana," Ndululu akauliza, "hii kitu yako inasumbuliwa na nini?"

"Ndani kuna kazi mbili, baba. Moja inavuta kwa buluu, na ikishavuta sana inaiamsha ile nyingine, nayo inarudisha kwa nyekundu. Zitaendelea hivyo mpaka chakula chake kiishe."

"Kikiisha itabaki rangi gani?"

"Inategemea chakula gani kimeisha kwanza."

"Si wewe ndiye ulipima?"

Mwangangi akatazama glavu zake. "Nilipima, baba. Lakini asubuhi akili ilikuwa imeshafika huku."

"Ai, ai," akasema Mulinge. "Umetuleta Kikima na kitu wewe mwenyewe hujui mwisho wake?"

Kaveke ndiye aliyekuja na dawa. "Kina cha jagi ndicho kinaipa nguvu ya kutembea. Mimina kidogo kwa sahani ya glasi, iwe kama maji ya kuku. Itatembea ikienda wapi?"

Wakamimina, wakaacha kukoroga. Sahani ikawa nyekundu tupu, na Ndululu akakaza uso tayari kukataa mara moja na kwa wote. Hapo ikatokea nukta ya buluu, kama mtu ametoboa na sindano. Nukta ikawa pete. Katikati ya pete ikazaliwa nukta nyingine, nayo ikawa pete, pete ndani ya pete, zote zikisukumana polepole kwenda ukingoni. Upande wa pili zikaanza zingine. Na mahali pete mbili zilikutana hazikupitana. Zilifutana zote mbili.

"Uui! Ni kitako cha kyondo!" Kaveke akalia. "Tazama anavyozungusha huyu! Anayesuka hapa hachoki, lakini hajui kufunga."

Ndululu alizunguka meza akisoma. "Hapa nimekubali. Hapa nimekataa. Hapa... ngojeni... hapa nilikuwa nimekubali."

"Sasa mbuzi, mzee?"

"Mmoja aingie. Wa pili atoke. Wa tatu asimame getini."

Beberu akaenda akasimama na miguu ya mbele ndani na ya nyuma nje. Hakuna aliyemwelekeza.

"Na msichana?" Mulinge akauliza, sauti ikiwa imepanda. "Aolewe kiasi gani?"

"Kiasi cha buluu."

Nje Jamal akapiga honi. Kivuli cha nyumba kilikuwa kimevuka banda la kuku, na jua lilikuwa linawaza kushuka. Mulinge akachukua kofia yake.

Hapo Mutanu akatoka jikoni. Bibi harusi hatoki wakati wa maneno kama hayo, lakini alitoka, na bakuli la muthokoi mkononi, ule wa mahindi yaliyokobolewa na maharagwe, umekaangwa vizuri na kitunguu.

"Baba, sokoni ng'ombe akiwa na baka huku na baka kule, ulikuwa unasoma wapi?"

"Kichwani. Mtu wa akili anasoma kichwani."

"Na kichwa cha hii sahani si ni hapa mbele yako?"

Ndululu alifikiri. Akaweka kidole juu ya meza, karibu na ukingo wa sahani. "Kweli. Nitasoma hapa tu. Kaeni chini."

Mulinge akakaa, kofia mkononi. Pete ya buluu ikaja, ikafika kwa kidole.

"Nimekubali," akasema Ndululu, na kabla hajafunga mdomo Mutanu alikuwa ameingiza kijiko. Mbuzi zikaingia.

Ikaja nyekundu. "Nimekataa." Mutanu akaondoa bakuli.

"Unapeleka wapi?"

"Umekataa, baba. Wageni wakikataliwa hakuna anayekula. Si wewe ulitufundisha hiyo heshima?"

Na ni kweli alifundisha. Ikaja buluu, likaja bakuli. Mutanu aliniambia alianza kuona babake anainama kidogo kuelekea kule pete zinatoka, kama mtu anayengoja gari. Halafu kukatokea jambo lingine. Kwa Kikamba chetu "Ii", yaani ndiyo, unaweza kuisema na mdomo umejaa muthokoi. "Aiee", ile ya kukataa, inataka mdomo mtupu. Vijiko vya Mutanu vikazidi kuwa vikubwa, na nyekundu zingine zikapita mzee akitafuna bado, hajapata nafasi. Mbuzi zikaanza kubaki ndani.

Joto lilikuwa lile la kabla ya mvua, na pete zilikuwa zinakwenda, zinakwenda. Jamal ndiye aliyelala kwanza, paji la uso juu ya usukani. Mulinge akafuata, kofia usoni. Kaveke akalala ameketi wima, mdomo wazi, kigelegele kimekwama ndani. Mwangangi aliegemea ukuta wa ghala akalala na mikono juu, kwa sababu glavu zilikuwa na dawa naye hakutaka zimguse mtu. Mbuzi zikajikunja chini karibu naye.

Alibaki Ndululu na kidole chake.

Pete ya buluu ikaja, moja nzuri, nene. "Ii," akasema, akapokea kijiko, na kidevu kikashuka kifuani. Kijiko kikabaki mdomoni. Mutanu alisimama palepale na bakuli, hapumui. Nyekundu ikafika kwa kidole. Kidole kilikuwepo, lakini mwenyewe hakuwepo wa kukataa. Beberu akafungua jicho moja, akatazama geti, akatazama mzee, akalifunga.

Mutanu alitembea kwa ncha za vidole mpaka getini, akalifunga na komeo, mbuzi zote tatu zikiwa ndani. Akarudi akakaa chini ya ukuta wa ghala, akauvua mkono mmoja wa Mwangangi glavu kwa pindo la leso yake, akaushika. Kutoka pale aliiona sahani vizuri. Alitaka kujua chakula kikiisha itabaki rangi gani. Akaona nukta ikizaliwa katikati, ikawa pete, ikaanza kwenda, na kabla haijafika ukingoni, naye akalala.